Wasomi na Majasusi: Chimbuko, Kuvunjwa na Urithi wa Ofisi ya Huduma za Kimkakati ya Marekani (OSS)

1.0 Utangulizi

Ofisi ya Huduma za Kimkakati ya Marekani, ijulikanayo zaidi kwa kifupisho chake OSS, iliishi miaka mitatu na miezi isiyotimia minne. Iliundwa kwa amri ya kijeshi ya Rais Franklin D. Roosevelt tarehe 13 Juni 1942, ikavunjwa kwa amri ya Rais Harry S. Truman iliyoanza kutekelezwa tarehe 1 Oktoba 1945. Chombo chenye umri huo kingetarajiwa kupewa aya moja tu katika historia ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Badala yake kimeandikiwa vitabu vingi, kimetungiwa filamu, na wanne miongoni mwa watu waliolelewa humo walikuja kuwa wakurugenzi wa Shirika Kuu la Ujasusi la Marekani, CIA.

Sehemu kubwa ya maandishi hayo husimulia ushujaa: mtu anayeshuka kwa mwavuli usiku, redio iliyofichwa darini, daraja lililolipuliwa alfajiri. Masimulizi hayo yana ukweli wake, lakini yanaficha jambo la msingi kuhusu muundo wa OSS. Ndani ya ofisi hiyo moja kulikuwa na kazi mbili zisizofanana. Ya kwanza ilikuwa ya kujua: kusoma, kukusanya takwimu, kupima na kutabiri. Ya pili ilikuwa ya kutenda: kuiba siri, kuhujumu, kushawishi na kuwapa silaha waasi. Makala hii inatetea hoja kwamba urithi wa OSS haukuamuliwa sana na yale iliyoyafanya vitani, bali na namna kazi hizo mbili zilivyotenganishwa msimu wa vuli wa mwaka 1945. Tawi lililokuwa na mafanikio yasiyobishaniwa sana ndilo lililokosa makao. Lile lililobishaniwa zaidi ndilo lililobaki likiwa zima na kurithi kesho. Athari za mgawanyo huo zilifika hadi Kongo.

2.0 Usuli: Taifa lenye macho mengi na lisiloona

Kabla ya mwaka 1941 Marekani haikuwa na chombo kimoja cha ujasusi. Jeshi la nchi kavu lilikuwa na idara yake, jeshi la wanamaji lake, FBI ikafuatilia mambo ya ndani, na Wizara ya Mambo ya Nje ikategemea taarifa za mabalozi. Kila mmoja alilinda shamba lake. Ofisi iliyokuwa ikifumbua maandishi ya siri ya mataifa mengine ilifungwa mwaka 1929, baada ya Waziri wa Mambo ya Nje, Henry Stimson, kuinyima fedha kwa sababu za kimaadili. Miaka kumi na miwili baadaye Stimson huyohuyo alikuwa Waziri wa Vita na mlaji mkubwa wa siri za namna hiyo.

Mtu aliyejaza pengo hilo alikuwa William J. Donovan. Alizaliwa Buffalo mwaka 1883 katika ukoo wa Waairishi Wakatoliki, akasomea sheria Columbia, akapata Nishani ya Heshima kwa ushujaa wake nchini Ufaransa mwaka 1918, kisha akawa wakili tajiri wa New York. Mwaka 1932 aligombea ugavana wa jimbo hilo kwa tiketi ya chama cha Republican akashindwa. Ujasusi wake ulianza kabla hajawa na cheo chochote kinachohusiana nao. Mwishoni mwa Desemba 1935 alikutana na Benito Mussolini huko Roma, akapata ruhusa ya kutembelea majeshi ya Italia yaliyokuwa yakiivamia Ethiopia. Kwamba taifa kubwa lilimtegemea wakili wa binafsi, aliyesafiri kwa ridhaa ya mvamizi mwenyewe, ili kujua hali ya vita katika Pembe ya Afrika, ni kipimo tosha cha udhaifu wa mfumo uliokuwapo.

Julai 1940 Roosevelt alimtuma Donovan London. Ufaransa ilikuwa imeanguka, na balozi wa Marekani nchini Uingereza, Joseph Kennedy, hakuamini kwamba nchi hiyo ingehimili. Waingereza walimfungulia Donovan milango ambayo kwa kawaida hufungwa, naye akarudi na jibu tofauti na la balozi. Haikuwa hisani. Uingereza ilihitaji Marekani ipate chombo cha siri ambacho ingeweza kushirikiana nacho, na mwakilishi wake mjini New York, Mkanada William Stephenson, aliifanya kazi ya kumpigia debe Donovan kwa bidii. Tarehe 11 Julai 1941 Donovan aliteuliwa kuwa Mratibu wa Taarifa, cheo kipya chenye jina la upole na mipaka isiyoeleweka. Miezi mitano baadaye Japani ilishambulia Pearl Harbor. Juni 1942 ofisi yake iligawanywa: utangazaji wa wazi ukaenda kwenye Ofisi ya Taarifa za Vita, na yaliyosalia yakawa OSS, chini ya Wakuu wa Majeshi.

Hata hivyo, chombo hicho hakikupewa ulimwengu mzima. J. Edgar Hoover wa FBI aliing'ang'ania Amerika ya Kusini, na Jenerali Douglas MacArthur akaizuia OSS isiingie katika eneo lake la Pasifiki. Siri nzito zaidi za vita, yaani zile zilizotokana na kufumbua mawasiliano ya Wajapani na Wajerumani, zilibaki mikononi mwa majeshi, na OSS ilionjeshwa kidogo tu. Suala hili lina uzito katika tathmini yoyote. OSS ilifanya kazi yake ikiwa imefungwa jicho moja.

3.0 Tawi la Utafiti na Uchambuzi

Donovan alikuwa na wazo moja ambalo halikuwa la kawaida katika ujasusi wa wakati wake. Aliamini kwamba sehemu kubwa ya yale yanayohitajika kujulikana kuhusu adui haijafichwa, bali imetapakaa katika magazeti, ratiba za treni, ripoti za makampuni na rafu za maktaba, na kwamba mtu wa kuiokota si jasusi bali msomi. Kutokana na wazo hilo lilizaliwa Tawi la Utafiti na Uchambuzi, lililoanzia katika jengo la nyongeza la Maktaba ya Bunge mjini Washington. Mwanahistoria William Langer wa Harvard aliliongoza kwa muda mrefu zaidi, na idadi ya wasomi wake ilikaribia 900. Ndani yake walikuwamo mwanauchumi Wassily Leontief, mwanahistoria Arthur Schlesinger mdogo, mtaalamu wa China John King Fairbank, na wakimbizi wa Kijerumani wenye mrengo wa kushoto kama Franz Neumann na Herbert Marcuse. Ni vigumu kupata ofisi nyingine ya serikali ya Marekani ambamo wanafalsafa wa Kimarx walilipwa mshahara ili kuwaeleza majenerali jinsi dola ya Hitler inavyofanya kazi.

Kazi yao ilikuwa ya subira. Kitengo cha Afrika, kilichoongozwa na Sherman Kent wa Yale, kiliandika mwaka 1942 ripoti za kina kuhusu bandari, reli na hali ya jamii za Morocco, Algeria na Tunisia, kabla ya majeshi ya Marekani na Uingereza kutua Afrika Kaskazini tarehe 8 Novemba. Ripoti hizo ndizo zilizowafanya wanajeshi waanze kuwachukulia maprofesa kwa uzito. Wachambuzi wengine walisoma matangazo ya vifo vya maafisa katika magazeti ya Kijerumani, na kwa kutumia uwiano wa maafisa na askari wa kawaida wakakadiria hasara ya jeshi zima. Mjini London, wanauchumi wa kitengo cha malengo ya adui, akiwamo Charles Kindleberger na Walt Rostow, walihesabu ni kiwanda kipi kikipigwa kitaumiza zaidi mashine ya vita ya Ujerumani. Walishikilia kwamba mafuta yanastahili kutangulizwa kuliko reli. Mashambulizi dhidi ya viwanda vya mafuta yalipoanza kwa nguvu Mei 1944, upungufu uliofuata uliwapa haki.

Miongoni mwa wasomi hao alikuwamo Ralph Bunche, Mmarekani mweusi aliyepata shahada ya uzamivu Harvard mwaka 1934 kwa utafiti kuhusu utawala wa Kifaransa nchini Togo na Dahomey. Katika safari zake za utafiti za mwaka 1936 hadi 1938 alipitia London, ambako alijifunza Kiswahili kutoka kwa Jomo Kenyatta, aliyekuwa mwanafunzi wa Bronisław Malinowski wakati huo, kisha akafika Afrika Kusini na Kenya. Alipojiunga na ofisi ya Donovan mwaka 1941 ili kuchambua masuala ya makoloni, alileta kitu ambacho hakikuwapo kwenye maktaba: alikuwa amewasikiliza Waafrika wenyewe, baadhi yao kwa lugha yao. Wengine waliosoma Afrika mjini Washington wakati huo waliisoma zaidi kupitia ripoti za magavana. Mwaka 1944 Bunche alihamia Wizara ya Mambo ya Nje, na kutoka hapo akaenda Umoja wa Mataifa.

4.0 Operesheni za siri

Upande wa pili wa OSS ulikuwa mkubwa zaidi kwa watu na kwa fedha. Mwishoni mwa 1944 ofisi nzima ilikuwa na watumishi wapatao 13,000, zaidi ya theluthi moja wakiwa wanawake, na sehemu kubwa ya rasilimali ilielekezwa kwenye ujasusi wa siri, hujuma, propaganda fiche na kuwanasa majasusi wa adui.

Yako mafanikio yasiyopingika. Allen Dulles, aliyefika Bern, Uswisi, Novemba 1942, alipokea maelfu ya kurasa za nyaraka kutoka kwa Fritz Kolbe, mtumishi wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Ujerumani ambaye Waingereza walikuwa wamemfukuza wakidhani ni mtego. Mwaka 1945 Dulles alishiriki pia katika mazungumzo ya siri yaliyosaidia majeshi ya Ujerumani nchini Italia kusalimu amri siku chache kabla ya Berlin. Nchini Burma, Kikosi cha 101 kiliwapa silaha na kuwaongoza wapiganaji wa Kachin nyuma ya mistari ya Wajapani. Hiyo ndiyo medani ambayo askari kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland walipigana katika Bonde la Kabaw mwaka 1944, ingawa chini ya bendera ya Waingereza na kwa majukumu mengine.

Barani Afrika, kazi nyeti kuliko zote ilihusu Katanga. Mgodi wa Shinkolobwe, mali ya kampuni ya Union Minière, ulitoa madini ya urani yenye ubora usio na mfano, na yalikuwa yakihitajika katika mradi wa bomu la atomiki. OSS iliweka watu wake Léopoldville kufuatilia kwamba madini hayo hayaponyoki kwenda Ujerumani, huku ikichunguza magendo ya almasi za viwandani. Watu hao walifanya kazi bila kuelezwa kikamilifu urani ni ya nini, na wachimbaji wa Katanga waliobeba mawe hayo kwa mikono hawakuelezwa chochote.

Yako pia mambo ambayo masimulizi ya ushujaa huyapitia haraka. Ujumbe uliopelekwa Slovakia mwaka 1944 ulikamatwa na wengi wao wakauawa katika kambi ya Mauthausen. Taarifa za "siri za Vatikani" zilizomfikia hata Rais ziligeuka kuwa ubunifu wa tapeli mmoja wa Roma. Duncan Lee, msaidizi wa karibu wa Donovan, alikuwa akiwapa Wasovieti habari za ofisi. Na Julai 1945 kikundi cha OSS kilitua kwa miavuli kaskazini mwa Vietnam, kikamkuta Ho Chi Minh akiwa mgonjwa, kikamtibu na kuwafunza wapiganaji wake. Maafisa hao waliripoti wazi kwamba Wavietnam hawangekubali kurudi kwa Wafaransa. Ripoti zilifika Washington na kuwekwa kando. Kushindwa huku kwa mwisho ni kwa aina tofauti na kule kwa Roma: hapa waliokuwa uwanjani waliona sawasawa, na hakukuwa na aliyetaka kusikia.

5.0 Kuvunjwa

Tarehe 18 Novemba 1944 Donovan alimwandikia Roosevelt akipendekeza chombo cha kudumu cha ujasusi kitakachowajibika moja kwa moja kwa Rais. Waraka huo ulivuja. Februari 1945 gazeti la Chicago Tribune na mengine ya kundi lake yaliuchapisha, yakadai kwamba Donovan anataka kuwaundia Wamarekani Gestapo yao. Nani aliuvujisha ni suala ambalo wanahistoria hawajalikubaliana, ingawa Donovan mwenyewe alimnyooshea Hoover kidole. Aprili Roosevelt alifariki. Truman hakumpenda Donovan, hakukipenda chama chake, na alikuwa na haraka ya kupunguza gharama za vita.

Amri ya tarehe 20 Septemba 1945 ilitayarishwa na Ofisi ya Bajeti, na ina sura ya kazi ya mhasibu. Tawi la Utafiti na Uchambuzi, likiwa na watu takriban 1,300, lilihamishiwa Wizara ya Mambo ya Nje. Ujasusi wa siri na kitengo cha kuwanasa majasusi wa adui, pamoja na watumishi wengine waliokuwa wakisubiri kuruhusiwa kurudi uraiani, jumla takriban 9,000, walikwenda Wizara ya Vita kama Kitengo cha Huduma za Kimkakati chini ya Jenerali John Magruder. Kwa mantiki ya karatasi mgawanyo huo ulikuwa sahihi: wanaojua sera wakae na wanaotunga sera, na wanaofanya siri wakae na wanajeshi.

Kilichofuata kilikwenda kinyume. Wanadiplomasia hawakutaka maprofesa wawafundishe kazi, baadhi ya wabunge waliwashuku kwa mrengo wa kushoto, Bunge likapunguza fedha, na Alfred McCormack aliyepewa kuwaongoza akajiuzulu Aprili 1946 baada ya wachambuzi wake kutawanywa katika madawati ya kanda. Wengi walirudi vyuoni. Kwa upande mwingine, Magruder alijua kazi yake kuwa ni kulinda, naye alilinda. Mafaili, vituo vya nje, majina ya mawakala na fedha za siri vilibaki pamoja. Januari 1946 Truman aliunda Kundi Kuu la Ujasusi, na mabaki ya Magruder yakaingizwa humo. Sheria ya Usalama wa Taifa ya mwaka 1947 iliposimamisha CIA, mifupa ya shirika jipya ilikuwa tayari, na ilikuwa mifupa ya upande mmoja.

6.0 Urithi

Sheria ya 1947 iliitaja kazi ya CIA kuwa ni kuoanisha na kutathmini taarifa, ikaongeza kifungu kinachoruhusu majukumu mengine yatakayoelekezwa. Juni 1948 Baraza la Usalama wa Taifa lilikitumia kifungu hicho kuanzisha ofisi ya operesheni fiche, likamkabidhi Frank Wisner, aliyewahi kuwa afisa wa OSS nchini Romania. Ofisi hiyo ilikua kwa kasi. Uchambuzi ulilazimika kujengwa upya kutoka sifuri: mwaka 1950 Langer aliitwa kutoka Harvard kuanzisha Ofisi ya Makadirio ya Taifa, na Kent akamrithi. Walifanya kazi ya kuheshimika, lakini walikuwa wageni katika nyumba iliyojengwa na wengine. Wakurugenzi wanne waliotoka OSS, yaani Allen Dulles, Richard Helms, William Colby na William Casey, wote walikuwa watu wa upande wa operesheni. Hakuna hata mmoja aliyetoka Tawi la Utafiti na Uchambuzi.

Urithi wa wasomi uliibukia mahali pengine. Taasisi ya Urusi ya Chuo Kikuu cha Columbia, iliyofunguliwa mwaka 1946, iliongozwa na Geroid Robinson, aliyekuwa mkuu wa kitengo cha Sovieti katika OSS. Mtindo wa kumkusanya mwanahistoria, mwanauchumi, mwanaanthropolojia na mtaalamu wa lugha wachunguze eneo moja ulienea katika vyuo vya Marekani, na Sheria ya Elimu ya Ulinzi wa Taifa ya mwaka 1958 ikaumwagia fedha. Kiswahili kilikuwa miongoni mwa lugha za Afrika zilizofaidika. Mtafiti wa Kiswahili anayeshika leo kamusi, sarufi au tasnifu iliyoandikwa Marekani katika miaka ya 1960 ameshika, mara nyingi bila kujua, tunda la mti uliopandwa kwa mahitaji ya vita. Hilo halibatilishi elimu yenyewe, lakini linaeleza kwa nini baadhi ya maswali yaliulizwa na mengine hayakuulizwa.

Mirathi hiyo miwili ilikutana Léopoldville mwaka 1960. Bunche, aliyekuwa amepata Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 1950 na kisha kuhojiwa mwaka 1954 na bodi ya uaminifu ya serikali yake kwa tuhuma za ukomunisti kabla ya kusafishwa, aliiwakilisha Umoja wa Mataifa tangu siku za uhuru wa Kongo. Alifanya kazi usiku na mchana kuzuia nchi isisambaratike baada ya Katanga, yenye Shinkolobwe, kujitenga. Uhusiano wake na Waziri Mkuu Patrice Lumumba ulikuwa mgumu, na ujuzi wake wote wa Afrika haukumwezesha kuaminiana na kiongozi huyo. Ukweli huo haupaswi kufichwa ili kumpamba msomi dhidi ya jasusi. Lakini katika jiji hilohilo, tarehe 26 Agosti 1960, Bunche akikaribia kuondoka, kituo cha CIA kilipokea simu ya maandishi iliyosainiwa na Allen Dulles ikieleza kwamba kuondolewa kwa Lumumba ni lengo la haraka na la kwanza. Septemba sumu ililetwa. Haikutumika, Lumumba aliuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961 mikononi mwa Wakatanga na maafisa wa Kibelgiji.

Donovan hakuyaona hayo, kwani alifariki Februari 1959. Umma wa Marekani uliyajua Novemba 1975, Kamati ya Seneti iliyoongozwa na Frank Church ilipochapisha ripoti yake kuhusu njama za mauaji ya viongozi wa kigeni. Kamati ilihitimisha kwamba CIA ilikusudia kumuua Lumumba, ila haikuona ushahidi kwamba ilihusika na kifo chenyewe. Mkurugenzi aliyekubali kuikabidhi kamati sehemu kubwa ya nyaraka alikuwa William Colby, ambaye mwaka 1944 OSS ilimshusha kwa mwavuli nchini Ufaransa akiwa kijana wa miaka 24. Wenzake wengi wa zamani walimhesabu kuwa msaliti. Rais Gerald Ford alitangaza kumwondoa mwanzoni mwa Novemba, ripoti ikiwa bado haijatoka.